Nguzo Tisa za Mwalimu Kilichobaki

Ijumaa tarehe 30 Juni, mwalimu wetu wa hisabati anastaafu baada ya kuitumikia shule hii kwa miaka thelathini na sita. Miaka hiyo ni sehemu tatu kati ya tano za umri wake. Mwenyewe hapendi kuutaja umri huo, nami si mtu wa kutoboa siri za watu, kwa hiyo anayetaka kuujua achukue kalamu. Waliopita darasani kwake wameshapata jibu kabla hata sijaweka nukta. Wengine tutawasaidia huko mbele.

Nusu ya shule hailijui jina lake la kwenye faili. Wanafunzi wa miaka ya mwanzo walimbandika jina la Mwalimu Kilichobaki, nalo likamganda. Hata mkewe, fundi cherehani mwenye utani mwingi, akipiga simu ofisini humuulizia kwa jina hilo hilo, kisha hucheka peke yake upande wa pili wa simu. Mimi ni mwalimu wa Kiswahili. Meza yangu imetazamana na yake kwa miaka ishirini na saba, yaani robo tatu ya utumishi wake, na naona aibu kidogo kwamba nimeanza kuongea kama yeye.

Jina lilitokana na somo analolipenda kuliko yote: hesabu za mafumbo za kutafuta kiasi cha awali. Mtu katumia sehemu fulani ya kitu, kimebaki kiasi fulani, nawe unatakiwa useme kitu hicho kilikuwa kiasi gani kabla hakijaguswa. Shule nyingi hulipitia somo hili kwa wiki mbili na kusonga mbele. Yeye amelitembelea maisha yake yote, na kila mwaka hutoka darasani akiwa na uso wa mtu aliyegundua chumba kipya ndani ya nyumba yake mwenyewe.

Njia yake ilikuwa moja. Alichora treni ubaoni. Kama fumbo lilihusu theluthi, treni ilikuwa na mabehewa matatu. Kama lilihusu sehemu za tano, mabehewa matano, yote sawasawa. Kilichotumika alikipaka chaki. Halafu akageuka na kuuliza, kwa sauti iliyotikisa vioo: Kilichobaki ni nini? Darasa likishajibu, aliuliza swali la pili kwa upole zaidi: Ni sehemu ya nini? Mwanafunzi aliyekimbilia kugawanya kabla ya kujibu maswali hayo mawili alirudishwa kitini bila kugombezwa, na wengi waliniambia afadhali wangegombezwa.

Chukua hesabu ya umri niliyoianza. Treni ina mabehewa matano. Matatu ndiyo miaka thelathini na sita, kwa hiyo kila behewa lina miaka kumi na miwili, na treni nzima ina sitini. Haya, siri imetoka, na aliyeitoboa ni treni.

Mtu huyu hawezi kupita penye kipande cha kitu kwa amani. Akikuta kipande cha sabuni kwenye karo la ofisini, hukigeuza mkononi na kutaka kujua kilikuwa na ukubwa gani kilipotoka dukani, na nani kakitumia vile upande mmoja. Akikuta chaki fupi, huiweka pembeni ya chaki mpya na kuzitazama zote mbili kwa muda. Siku moja tuliletewa keki ofisini, tukaishambulia akiwa darasani, tukamwachia kipande chake. Hakukila. Alizunguka meza kwa meza akimhoji kila mwalimu amekula sehemu gani, na ya nini, ya keki nzima au ya iliyobaki, hadi akaichora keki yetu upya kwenye gazeti la jana. Ndipo akakaa na kula, ameridhika kabisa, chai yake ikiwa imeshapoa.

Mimi na yeye tulikuwa na ugomvi mmoja tu, nao ni juu ya neno "baadhi". Nilikuwa katibu wa vikao vya walimu, na kila nilipoandika kwamba baadhi ya wajumbe waliunga mkono hoja, yeye aliinua mkono. Baadhi ni kiasi gani? Nilimweleza kwamba lugha haina budi kupumua. Alinijibu kwamba ipumue, lakini ituambie imevuta hewa kiasi gani. Tangu hapo kumbukumbu za vikao vyetu hazina "baadhi" hata moja, nami nimezoea.

Wazee wa shule hawajasahau siku ya pipa. Mafumbo yake yote yalitokana na vitu vilivyokuwepo kweli, maana hakupenda kuwauliza watoto habari za vitu asivyoviona. Siku hiyo aliandika hivi: asubuhi mpishi alitumia nusu ya maji ya pipa lililojaa, mchana akatumia theluthi ya maji yaliyobaki, zikabaki ndoo ndogo tano. Pipa hujaa kwa ndoo ngapi? Darasa karibu lote likaandika thelathini. Walichukua nusu na theluthi ya pipa zima, wakajumlisha, wakaona imebaki sehemu moja kati ya sita, wakazidisha tano kwa sita, wakafunga madaftari na kukunja mikono.

Hakuwaambia wamekosea. Aliwapeleka jikoni kwa Mama wa Jikoni, mpishi wetu wa enzi hizo, mama mwenye mwili mkubwa na moyo mkubwa zaidi, akamwomba pipa tupu. Wakaanza kumimina kwa kupokezana, huku wakihesabu kwa kuimba. Ndoo ya kumi na tano ilifika ukingoni. Wale waliokuwa na uhakika na thelathini yao wakaendelea, ya kumi na sita, ya kumi na saba, maji yakashuka pande zote na kuingia viatuni. Mama wa Jikoni alisimama mlangoni akawauliza hilo pipa lao la thelathini linauzwa wapi na yeye akanunue. Mtoto mmoja, suruali imelowa hadi magotini, ndiye aliyepiga kelele kwamba theluthi haikuwa ya pipa, ilikuwa ya nusu. Tangu siku ile darasa lile halikukosea tena, na sakafu ya jikoni haijawahi kuwa safi vile.

Nimesimulia mambo ya pipa kwa sababu kosa lile lile lilikuja kumgusa yeye mwenyewe, na halikuwa la mchezo.

Ilikuwa katikati kabisa ya utumishi wake. Sauti yake, ambayo wote tuliichukulia kama kengele ya shule, ilianza kukwaruza. Kwanza tulimtania. Kisha ikawa ikikatika katikati ya sentensi, akibaki ameinua chaki na mdomo uko wazi, na utani ukatuisha. Daktari alimwambia kwamba ameshapoteza nusu ya sauti, na kwamba kuna uvimbe kwenye koo ambao lazima utolewe. Alimtuliza kwa kumwambia kwamba baada ya upasuaji atarudi na robo tatu ya sauti. Mgonjwa mwingine angeshukuru na kwenda zake. Huyu alikuwa ameshakatazwa kusema, akaomba karatasi, akaandika maneno mawili: Ya ipi?

Daktari alidhani anauliza ni koo lipi. Mkewe ilibidi aeleze: mume wangu anataka kujua hiyo robo tatu ni ya sauti yake ya zamani, au ni ya hii nusu aliyokuja nayo leo. Daktari alicheka kwa mshangao, akakiri kwamba hajawahi kuulizwa swali hilo, akaahidi kulirudia. Lakini wodi ilikuwa imejaa, akaitwa kwingine, na mgonjwa akaingia chumba cha upasuaji bila jibu.

Aliporudi nyumbani akakaa kimya wiki kadhaa kama alivyoamriwa. Huku shuleni Mkuu wa Shule wa wakati ule, mtu mwema asiyependa kumuumiza mtu, alikuwa kwenye wakati mgumu. Darasa la mtihani lilikuwa halina mwalimu wa hisabati. Alishaamua kumhamishia mwenzetu stoo ya vitabu, mahali ambapo hakuna haja ya kupaza sauti. Stoo ilifagiwa, kiti kikawekwa, na hata kufuli jipya likanunuliwa. Mimi ndiye niliyetumwa kumpelekea habari. Alisikiliza, halafu akanong'ona kwamba anaomba kipindi kimoja tu kabla ya kwenda stoo.

Shule yetu, kwa wasioijua, ni jengo moja refu lenye vyumba vinane vilivyopangwa mstari mmoja, na mbele yake pana baraza. Kila chumba kina nguzo tatu za baraza. Chumba cha kwanza ni darasa lake, cha mwisho ni jiko, na nguzo zote kwa pamoja ni ishirini na nne.

Siku ya kipindi hicho madarasa mengine yalikuwa uwanjani. Mkuu wa Shule alisimama nyuma ya darasa, mikono mgongoni. Mwalimu Kilichobaki aliingia, akaandika ubaoni fumbo ambalo hakuna kitabu kilicho nalo. Sauti ya mwalimu iliugua, ikapungua kwa nusu. Ikatibiwa, ikabaki robo tatu. Tafuta sauti ya awali. Kisha akaweka chaki mezani na kukaa.

Msichana mmoja wa dawati la mbele, mdadisi asiyejua kunyamaza, akasema fumbo haliwezekani kwa sababu hatujui iliyobaki ni kiasi gani. Mwalimu akamtikisia kichwa kwa furaha. Basi tukaipime, akasema yule msichana, na bila kungoja ruhusa akatoka barazani.

Ikapangwa hivi: mwalimu asimame mlangoni na kusema maneno yake ya siku zote, naye msichana atembee nguzo kwa nguzo mkono ukiwa juu, aushushe pale atakaposhindwa kusikia. Mwalimu akasema: Kilichobaki ni nini? Ilikuwa sauti mpya, ya chini, yenye mchanga ndani yake. Nguzo ya tatu, mkono juu. Ya sita, mkono juu. Ya tisa, mkono juu. Alipofika ya kumi aligeuka na kuuliza kwa kelele kama mwalimu ameshaanza au bado.

Nguzo tisa, basi. Darasa likachora treni, na hapo ndipo likagawanyika pande mbili. Upande mmoja ulisema robo tatu ni ya sauti ya awali, kwa hiyo tisa ni mabehewa matatu kati ya manne, na sauti ya zamani ilifika nguzo ya kumi na mbili. Upande wa pili ulisema hapana, robo tatu ni ya ile nusu iliyobaki: tisa inatoa nusu yenye nguzo kumi na mbili, na nusu hiyo inatoa ishirini na nne. Hesabu zote mbili zilikuwa safi. Mmoja kati ya watoto waliolowa viatu, maana darasa lilikuwa lile lile la pipa, akasema kwamba ubao hautatusaidia, twende tukamuulize aliyekuwa akisikia.

Wakamkimbilia Mama wa Jikoni, kwenye nguzo ya ishirini na nne. Alikuwa anamenya viazi. Walimuuliza kama zamani alikuwa akiisikia sauti ya mwalimu.

"Kusikia?" alisema. "Mimi saa ya nini? Akisema kilichobaki, nabandika maji ya chai. Tangu amelazwa chai yenu inachelewa kila siku, na mnanuna, hamjiulizi kwa nini."

Walirudi wanakimbia, lakini walipofika mlangoni mbio ziliwaisha, kwa sababu walikuwa wameelewa maana ya jibu lao. Ilikuwa ishirini na nne. Sauti ilikuwa imepungua kuliko tulivyodhani. Katika vyumba vinane ilibaki ya vyumba vitatu. Walimwandikia ubaoni kwa herufi ndogo, kama wanaoficha: sehemu tatu kati ya nane. Mkuu wa Shule alitazama sakafu. Mimi nilikuwa dirishani, na nasema wazi kwamba machozi yalinitoka.

Mwalimu Kilichobaki alisimama mbele ya jibu lile, akalisoma kama mtu anayesoma jina lake. Akaweka alama ya vema pembeni yake, kwa kuwa lilikuwa sahihi. Kisha akageuka na kuuliza swali lake la pili, lile la upole, ambalo sasa ndilo pekee aliloweza kuliuliza kwa kawaida: Ni sehemu ya nini?

Ya baraza, wakajibu.

Akauliza kama yeye hufundisha baraza.

Yule msichana ndiye aliyewahi kuona. Alitoka nje, akahesabu nguzo za darasa lao kana kwamba huenda zimebadilika, akarudi anahema. Darasa lina nguzo tatu. Mwalimu anafika tisa. Ukiipima kwa baraza, sauti ni sehemu tatu kati ya nane. Ukiipima kwa darasa, ni madarasa matatu mazima. Watoto wakaangua kelele iliyomfanya Mama wa Jikoni abandike maji ya chai papo hapo.

Mkuu wa Shule alikohoa, akasema stoo itasubiri, akaondoka haraka kabla hatujamwona uso. Imesubiri tangu siku hiyo. Mwenzetu hakuwahi kukalia kile kiti hata mara moja, na kufuli lile jipya lina kutu.

Miaka kumi na minane iliyofuata ilikuwa bora kuliko ile ya kwanza, na hilo si mimi tu ninayelisema. Kwa kuwa alisema kwa chini, darasa lake likawa kimya kuliko yote. Na kwa kuwa sauti yake ilifika chumba cha tatu, ambacho ndicho changu, wanafunzi wangu walijifunza sehemu kupitia dirishani bila kutaka. Nilikuwa nikisahihisha insha na kukuta shujaa wa hadithi amemaliza theluthi mbili za safari. Mara nyingine yeye aliuliza swali kwake, jibu likatokea kwangu. Alikuja mlangoni akachungulia, akatoa shukrani, akarudi zake. Nililalamika ofisini mara nyingi. Nilikuwa natia chumvi, na nadhani alijua.

Yule msichana wa nguzo ya tisa leo ni mwalimu mwenzetu, na Jumatatu baada ya sherehe ndiye atakayelichukua lile darasa. Ameshatuambia kwamba treni haitabadilika. Daktari naye aliitunza ahadi yake, ingawa kwa kuchelewa: mkewe alipompeleka kwa uchunguzi, alimjibu kwamba ilikuwa robo tatu ya sauti aliyokuja nayo, na kwamba siku hizi huwaeleza wagonjwa kabla hawajauliza. Mwenzetu alifurahi kwa heshima. Hakumwambia kwamba jibu hilo alishalipata jikoni.

Huwezi kudanganya darasa lililofundishwa na mtu huyu. Wiki mbili zilizopita wanafunzi wa mwaka huu, ambao wameikuta hadithi hii kama tulivyozikuta sisi hadithi za zamani, waliomba kupima tena. Mtoto alitembea barazani mkono juu, na mkono ulishuka baada ya nguzo ya sita. Umri nao unachukua sehemu yake. Yeye alifurahi kama kawaida, akaweka alama ya vema, akawauliza darasa lina nguzo ngapi. Mimi, nikiwa chumba cha tatu, nilitambua kwamba ile nong'ono niliyokuwa nikiilalamikia ilikuwa imeacha kunifikia siku nyingi, nami nilikuwa nikidhani ni madirisha. Tangu siku hiyo, nikiwa sina kipindi, nimekuwa nikitoa kiti changu na kukaa nje kwenye nguzo ya sita.

Kwa niaba ya walimu, wafanyakazi na wanafunzi wote wa shule hii, tunamshukuru kwa kutufundisha kukitazama kipande na kuuliza habari za kitu kizima. Tunamshukuru mkewe kwa kutuazima mtu wake muda wote huu na kwa kutuelezea alichotaka kusema pale aliposhindwa kusema. Tunamtakia maisha mema ya mapumziko, yote kamili, wala si baadhi yake.

Sherehe itakuwa barazani, saa nne asubuhi. Tumeulizwa kuhusu vipaza sauti, havitakuwepo. Viti vyote vimepangwa ndani ya nguzo sita, vimebanana kidogo, mtuvumilie. Cha kwanza kabisa, mlangoni kwa darasa, tumemwekea Mama wa Jikoni, ambaye miaka ile ya mwanzo alisikilizia kwenye nguzo ya ishirini na nne. Mwalimu, wewe sema tu kwa sauti uliyonayo. Sisi tumesogea.